Radi Hakuzaliwa na Joho

Mama alimchora Radi kwa mara ya kwanza kabla mimi sijazaliwa, kwa hiyo siwezi kudai kwamba nilikuwepo. Lakini habari yenyewe nimeisikia mara nyingi mno, kutoka kwa watu wawili wasiokubaliana hata juu ya rangi ya skafu, mpaka naiona kama niliyeishuhudia kwa macho yangu.

Watu hao ni Mama na dada yake, Mama mkubwa. Mama alikuwa mchoraji. Mama mkubwa alikuwa fundi umeme, mwanamke pekee katika kikosi cha mafundi waliokuwa wakipanda nguzo. Siku moja yuko juu ya nguzo, mvua haijaanza hata kunyesha, radi ikapiga waya ng'ambo ya barabara. Akaanguka. Mguu wa kulia ulivunjika vibaya na kuungwa vibaya zaidi, na tangu hapo ukawa mfupi kuliko mwenzake. Wakubwa wake kazini wakamwambia apumzike nyumbani. Akauliza mpaka lini. Wakasema mpaka atakapoitwa. Hakuitwa. Basi akafungua banda lake la kutengeneza redio, pasi na feni, na watu wa mtaani walipomwomba aliendelea kupanda nguzo, mguu mmoja ukikwea na mwingine ukivutwa nyuma kama mzigo wa mtu mwingine.

Mama alikuwa akimtazama kutoka chini, na kalamu mkononi. Ndipo Radi alipozaliwa.

Radi wa Mama alikuwa fundi umeme wa makamo, mwenye mwili wake, ndani ya ovaroli na gambuti, na skafu kichwani. Ya njano kwa maneno ya Mama, ya machungwa kwa maneno ya Mama mkubwa. Alipigwa na radi akiwa kazini, akapona, na tangu siku ile umeme ukawa unamsikiliza. Akigusa waya uliokufa, unaamka. Akinyoosha kidole, taa za mtaa mzima zinawaka, na mwizi anabaki katikati ya uwanja na kuku wa watu kwapani, ametoa macho. Lakini Radi alikuwa haruki. Alichechemea. Popote alipoitwa alikwenda kwa miguu, na popote alipokwenda alichelewa. Kila hadithi ilikuwa hivyo: jambo limeharibika, watu wamezidiwa, na kutoka mbali linatokea puto la maneno, "Shikilieni hapo hapo, nakuja!" Halafu kurasa na kurasa watu wanashikilia. Wanashikilia mlango, wanashikilia kamba, wanashikiliana. Radi anapofika anahema, jasho linamtoka, na nusu ya kazi wameshaifanya wenyewe. Mama aliniambia siku moja kwamba hadithi yenyewe ilikuwa pale kwenye kushikilia, umeme ulikuwa mapambo tu.

Mchapishaji wake, mzee mmoja mwenye kicheko cha kutikisa meza, alikitoa kitabu kile cha katuni kwa majaribio, na kikawashika watoto kama homa. Kwenye viwanja vya shule walikuwa wakichechemea makusudi, safu nzima, mpaka walimu wakaja juu. Mzee akamletea Mama karatasi ya kusema kwamba Radi ni mali ya kampuni. Mama akatia sahihi. Alikuwa kijana, alikuwa na furaha, na kalamu tayari alikuwa nayo mkononi.

Miaka ikasogea, mauzo yakalegea, na mzee akamwita Mama ofisini.

"Wavulana ndio wanaonunua," akamwambia. "Na mvulana gani anataka kuwa mama mnene mwenye gambuti?"

"Wale wote wanaochechemea shuleni," Mama akajibu.

Mzee akacheka, meza ikatikisika, na toleo lililofuata Radi akawa mwanamume. Hakuna aliyeeleza kitu, ila jaladani waliandika 'Radi Mpya Kabisa'. Mwezi huu ni mama wa makamo, mwezi ujao ni baba mwenye kifua kama mlango wa ghala, mguu umepona wenyewe, joho jekundu mgongoni, na anaruka. Mama ndiye aliyemchora, kwa sababu mimi nilikuwa tumboni na baba yangu alikuwa ameshaingia mitini. Mama mkubwa aliletewa toleo lile bandani kwake. Akaligeuza juu chini, kana kwamba tatizo ni namna ya kulishika, kisha akasema, "Sawa. Ila hilo joho litamnasa kwenye waya siku moja, na mimi siendi kumnasua."

Ukaja wakati mwingine, wa amri na sare. Radi naye akavishwa sare, vifungo vinang'aa, akaanza kukamata watu. Kwanza majambazi, baadaye wazururaji, baadaye yeyote aliyesimama mahali kwa muda mrefu. Siku moja hadithi ikashuka kutoka juu imeshaandikwa, kazi ya Mama ni kuchora tu: Radi anapindua kwa teke meza ya mwanamke anayeuza nyanya bila kibali. Mama akachora nyanya. Alizichora vizuri, kila moja na kivuli chake, zinabingirika barabarani. Akachora uso wa yule mwanamke. Alipofika kwenye mguu wa Radi, mkono ukagoma. Alikusanya kalamu zake, akaacha karatasi mezani ina nafasi nyeupe pale ambapo teke lilitakiwa kuwa, akatoka. Mchoraji mwingine alilimalizia lile teke jioni ile ile.

Kwa hiyo mimi nimelelewa na vyura. Mama alipata kazi ya kuchora picha za vitabu vya shule, na meza yetu ya chakula ilikuwa daima na chura aliyepasuliwa tumbo, au jicho la mtu lililokatwa ubavu, au mharage unaoota mizizi. Nilijua mahali lilipo ini la chura kabla sijajua kufunga kamba za viatu. Miaka ile Radi alikuwa hatajwi nyumbani. Nilimsoma kwa wenzangu, kwa kificho, na Radi wa wakati wangu alikuwa amebadilishwa tena: kinyago cheusi, taya kama sanduku, anaishi peke yake kwenye jumba kubwa, haongei na mtu, anavunja watu mikono kwa hasira ambayo haijulikani ilitoka wapi. Nilimpenda, sifichi. Nilikuwa katika umri wa kupenda watu wenye hasira.

Ndiyo maana nilipokua nikaomba kazi ya kupaka rangi katika kampuni ile ile, nikaipata. Nilimwambia Mama huku nimeshika mlango, tayari kukimbia.

"Kazi ni kazi," akasema, bila kuinua macho kutoka kwenye chura wake. "Ila yule mtu usimlete mezani kwangu."

Sikumleta. Nikakaa miaka mingi kwenye kompyuta nikimpaka Radi weusi juu ya weusi, na nyumbani tukaongea habari za watu wengine.

Mzee mchapishaji akafariki, mwanawe akashika kiti. Mkurugenzi huyu mpya Mama alimjua tangu akiwa mtoto anayetambaa chini ya meza za wachoraji akila vipande vya kifutio. Sasa alikuwa mtu wa suti na maneno laini, na alikuwa na jambo kubwa: Radi anaanzishwa upya, kwenye sinema. Radi mpya ni kijana tajiri aliyerithi mitambo ya umeme. Ni mzuri, ana misuli, ngozi haina hata alama ya mbu. Na siku ya kumtambulisha kwa watu, Mkurugenzi alitaka Mama apande jukwaani amvike mwigizaji joho.

Mimi ndiye niliyetumwa kumwambia. Nilitegemea mlango ufungwe usoni pangu. Badala yake akauliza, "Sinema yenyewe inaanzaje?"

Nikamweleza, kwa kuwa nilikuwa nimeona vipande. Akasikiliza mpaka mwisho. Kisha akasema, "Waambie nitakuja. Na dada yangu apewe kiti cha mbele."

Kampuni ikamletea gauni la kung'aa. Akalitundika mlangoni liangaliwe na wageni, yeye akavaa gauni lake la kwendea benki. Ukumbi ulikuwa na baridi ya mashine, viti vimevishwa vitambaa vyeupe, na bango la Radi mpya limetoka sakafuni hadi darini. Mama mkubwa alikaa safu ya kwanza na mguu wake ameunyoosha mbele, haukunjiki, wapiga picha wakawa wanajikwaa kwake mmoja baada ya mwingine na kuomba radhi. Alikuwa anawasamehe kwa raha zake.

"Na sasa," Mkurugenzi akatangaza, "mama yetu, mama wa Radi, anamvika mwanawe joho!"

Makofi. Mama akapanda ngazi taratibu. Akalipokea joho, akalisugua kati ya vidole viwili kama mnunuzi dukani.

"Kitambaa kizuri," akasema kwenye kipaza sauti. "Kingefaa pazia."

Watu wakacheka, Mkurugenzi naye akacheka. Mama akamgeukia mwigizaji, kijana mrefu aliyekuwa ameinamisha mabega tayari kuvishwa.

"Mwanangu, kwenye sinema unaanza kwa kufanya nini?"

"Nakata nyaya, Mama," kijana akasema kwa adabu. "Za watu waliojiunganishia umeme kwa wizi. Mtaa wote unaingia giza, mimi niko juu angani. Limetoka vizuri sana lile tukio."

"Na ndani ya hizo nyumba kuna nani?"

Kijana akafikiri. Nimpe haki yake, alifikiri kweli. "Hawaonyeshwi," akasema.

"Mimi nawaona," Mama akasema. "Kuna anayefua, kuna anayenyonyesha, kuna mtoto anayesoma mtihani wake. Radi niliyemchora alikuwa anawawashia hao. Ndiyo kazi aliyokuwa nayo, hakuwa na nyingine. Wewe kijana sina ugomvi nawe. Ni mzuri, una meno mazuri, Mungu akuzidishie. Lakini sikujui. Sikukuzaa. Na sitakuvisha nguo niliyotafutiwa na watu wengine, halafu nipigwe picha nikitabasamu."

Akalikunja joho vizuri, pembe kwa pembe, akaliweka juu ya kiti, akashuka.

 Halafu mtu mmoja akaanza kupiga makofi, polepole, pah, pah, pah, na sikuhitaji kugeuka kujua ni nani. Mama mkubwa alikuwa anajaribu kusimama huku anapiga, mguu unamkatalia, na mpiga picha mmoja akaacha kazi yake akamshika mkono.

Mkurugenzi alitukuta nje, karibu na magari. Tai ilikuwa imehamia upande.

"Mama, umeniaibisha mbele za watu."

"Ungekuja kuniuliza kabla, mwanangu, ningekuaibisha faragha."

"Radi si wako tena. Unajua hivyo. Ni wetu, kila kitu chake."

"Vyenu chukueni," Mama akasema. "Vyote vilivyo vyenu, chukueni."

Njiani Mama mkubwa ndiye aliyeanza kuongea. "Wamenigeuza mwanamume, nikavumilia. Wakanigeuza askari, wakanigeuza sijui jambazi wa kinyago. Sasa wananigeuza mrembo. Hili la mwisho ningelikubali, mdogo wangu, wewe umeharakisha."

Tukacheka mpaka tukatoka machozi. Lakini kesho yake asubuhi nilimkuta Mama ameondoa vyura mezani. Wote, na vitabu vyao, wamepangwa chini ukutani. Mezani palikuwa na karatasi tupu na chupa ya wino, na Mama mkubwa alikuwa amekaa kwenye kiti cha mikono, gambuti zake za kazi miguuni, anakula mkate.

"Walitupa mguu," Mama akasema, kama anayeendeleza mazungumzo tuliyoyaacha. "Wakatupa gambuti, wakatupa skafu, wakatupa umri wake. Kitu kilichotupwa kina mwenyewe?"

"Aliyekiokota," Mama mkubwa akajibu, mdomo umejaa. "Mimi banda langu lote ni vitu vya kuokota."

"Basi kaa sawa. Na uache kutafuna, shavu linahama."

Mkono wa Mama ulikuwa umeanza kutetemeka miaka ile. Kwenye vyura alikuwa anaupigania, anaegemeza kiwiko, anazuia pumzi. Kwa huyu mama mpya hakuupigania. Mstari ulitoka umechakaa, una mikunjo, na nilipouona nikajua kwamba uso ule haungechorwa kwa mkono wa kijana. Hakuwa na jina. Hakuwa na alama kifuani. Hakuruka. Alikuwa mwanamke wa mguu mzito anayetembea kwenda mahali ambapo watu wanamngoja, na hakuna ukurasa uliosema anaitwa nani.

Nikamwomba nipake rangi.  "Umezoea weusi," akasema.

"Nitajizoeza."

Nikanunua rangi za maji, zile za brashi, na Jumapili nzima nikawa nahangaika na skafu, dada wawili wamesimama nyuma yangu, huyu anasema njano, yule anasema machungwa. Mwishowe nikachanganya, wakanuna wote wawili.

Jirani yetu mpiga chapa, ambaye siku zote huchapa kadi za harusi, akakitoa kitabu kwa mashine yake. Jalada halikuwa na maandishi, ila gambuti moja tu imekanyaga nguzo. Aliingiwa na wasiwasi kwamba kitabu kisicho na jina hakuna atakayejua kukiomba. Ikawa watu wanaingia dukani wanasema, "Nipe kile cha yule mama." Jina likawa hilo, Yule Mama, hatukulitunga sisi. Nilikuwa dukani kwake siku moja alipoingia mwanamume wa tai na mkoba, ana binti mdogo mkononi. Akafungua kurasa amesimama. Akasoma pale pale mpaka mwisho. Kisha akamwambia binti yake, "Tazama, sisi shuleni tulikuwa tunatembea hivi," na akatoka dukani anachechemea na mkoba wake, binti anamwiga nyuma, wapita njia wanawapisha.

Habari zikafika kwa Mkurugenzi kabla wino haujakauka. Tukaitwa, Mama kama mtuhumiwa na mimi kama mtu wa kumleta. Mama mkubwa akajileta mwenyewe.

Chumba cha mikutano kilikuwa na meza ndefu ya kioo na mabango ya Radi wote ukutani, yule wa joho, yule wa sare, yule wa kinyago, huyu wa meno. Wa gambuti hakuwepo. Mkurugenzi alikuwa amekaa na wakili wa kampuni, mwanamke kijana mwenye miwani na faili. Kitabu chetu kilikuwa mbele yao, kimejaa vikaratasi vya alama.

"Shikamoo, Mama," wakili akaanza.

"Marahaba, mwanangu. Sema tu, usiogope."

"Mama, kampuni inamiliki vifuatavyo." Akasoma. "Jina Radi. Joho jekundu. Alama ya radi kifuani. Kinyago. Sare na vifungo vyake. Uwezo wa kuruka. Jumba."

"Na hasira," Mama mkubwa akadokeza.

"Hasira haimo," wakili akasema, na nikaona anabana mdomo asicheke.

Mama akakisogeza kitabu mbele yake. "Nionyeshe kimojawapo humu."

Wakili akafungua. Alikuwa amekwisha kukisoma, nadhani zaidi ya mara moja, maana alijua kurasa. Akapita moja moja kwa ajili yetu. Kisha akavua miwani.

"Hakuna," akamwambia Mkurugenzi. "Nilikueleza tangu juzi. Huyu hana jina, haruki, hana joho. Ni mwanamke fundi mwenye mguu mbovu. Vitu hivi kampuni iliviondoa yenyewe, na kila ilipoviondoa ilitangaza kwamba Radi huyu ni mpya kabisa."

"Lakini ni yeye!" Mkurugenzi akapiga meza. Ilikuwa ya kioo, haikutikisika kama ya baba yake. "Mtoto wa shule ataona ni yeye! Kila mtu anajua ni yeye!"

"Ala," Mama akasema taratibu. "Kumbe kila mtu anamjua. Sasa yule wa kwenye sinema ni nani?"

Mkurugenzi akanikodolea macho mimi. 

"Wewe ni mwajiriwa wangu," akasema. "Hizi rangi nimezitambua. Usifikiri sikuzitambua."

Mama hakunigeukia. Nimelifikiria hilo mara nyingi tangu siku ile. Angeweza kunitazama, jicho lake lingetosha kunivuta upande wake, lakini alikaa ameangalia ukuta, ameniachia nafasi yangu yote.

"Ni zangu," nikasema. "Kila ukurasa. Na toleo lijalo nimeshalianza."

"Basi chagua."

"Ndiyo nimechagua, bosi. Nilikuwa sijapata nafasi ya kukwambia."

Nikaenda kwenye meza yangu, nikachukua kikombe changu na sweta, nikamwacha Radi wa kinyago kwenye skrini nusu yake haijapakwa.  Kwenye lifti Mama mkubwa akaniambia, "Ukikosa kazi kabisa, njoo bandani, nitakufundisha kusuka nyaya za mota." Nilimwona Mama kwenye kioo cha lifti. Alikuwa anajaribu kuwa na uso wa huzuni, kama inavyompasa mzazi ambaye mwanawe ameachishwa kazi, na alikuwa anashindwa vibaya sana.

Sinema ilitoka, ikajaza watu, nisidanganye. Yule kijana alicheza vizuri. Kampuni haikufilisika, mbingu hazikuanguka. Na sisi tukabanwa na maisha kweli: mimi nikipaka mabango ya maduka na saluni asubuhi, mchana tunafanya Yule Mama, na mpiga chapa anaingiza kurasa zetu kati ya harusi moja na nyingine. Lakini kila toleo lilipotoka, lilipotea dukani. Watu wazima walikuwa wakinunua kwa visingizio, eti la mtoto, halafu unawakuta wamesimama kwenye kona wanasoma.

Kisha mauzo ya yule wa meno yakalegea, kama yanavyolegea siku zote, na Mkurugenzi akaja nyumbani. Hakutuma mtu, alikuja mwenyewe, bila tai. Akakaribishwa chai. Akasifu chai. Akazunguka, akazunguka, akatua.

"Mama, tunataka kumwanzisha Radi upya. Safari hii tunarudi kwenye asili. Mwanamke, fundi, gambuti. Na ule mguu." Akasogeza kikombe. "Tunakuomba utuuzie mguu."

Mama mkubwa alipaliwa na chai. Nikampigapiga mgongoni.

"Hauuzwi," Mama akasema.

"Hujasikia hata masharti."

"Nilisikia masharti nikiwa kijana, kwa baba yako. Mwanangu, nakupenda, nimekuondoa vifutio mdomoni na mkono huu. Kama unataka mwanamke fundi, mtafute wako, wapo tele, panda nguzoni ukawaone. Huyu ana watu wake."

"Siku utakapoondoka, Mama, atakuwa wa nani?"

Lilikuwa swali baya, lakini hakuliuliza kwa ubaya. Mama akaitazama mikono yake mezani. Wakati ule ilikuwa inatetemeka hata ikiwa imepumzika.

"Hayo ni ya kwetu," akasema. "Maliza chai yako."

Mwaka uliofuata hakuweza tena kushika kalamu ya wino kwa zaidi ya kisanduku kimoja, na mimi nikaanza kuchora. Yeye alikaa kando akitoa amri: goti hilo si goti, waya haulali hivyo, mbona watu wako wote wana pua ya baba yako. Nilivumilia. Halafu siku moja nikamletea ukurasa niliouchora peke yangu, sikumwonyesha hata rasimu. Akausogeza karibu na dirisha. Akakunja uso.

"Nini hii? Umemvalisha miwani?"

"Ndiyo."

"Nani kakwambia ana miwani? Toka lini? Miaka yote hii nimempigania asiguswe, leo mwanangu mwenyewe ndani ya nyumba yangu anamvalisha miwani!"

"Amezeeka, Mama. Haoni nyaya vizuri."

"Haoni nani?"

"Yule Mama haoni. Na Mama mkubwa haoni, juzi kaunganisha feni kinyume. Na anapanda hivyo hivyo. Sitamchora kama kijana. Kama hutaki, chora wewe."

Sikuwahi kumjibu hivyo maishani mwangu. Nyuma yangu Mama mkubwa alikohoa, akajifanya anatafuta bisibisi. Mama akaushika ukurasa ule kwa muda mrefu, ukitetemeka mkononi mwake, karatasi inapiga kelele ndogo ndogo. Akauweka mezani. Akachukua penseli, akaegemeza kiwiko kama alivyokuwa akifanya enzi za vyura, akazuia pumzi, na kwenye miwani niliyoichora akaongeza mstari mmoja mwembamba, unaotoka sikio hili unazunguka kisogoni hadi sikio lile.

"Iwe na kamba," akasema. "Yuko juu ya nguzo, ikimwanguka ataiokota nani?"